Tabasamu la Siku Nyingine

Saa nne asubuhi, katika chumba cha uhariri wa filamu mjini Montreuil, mhariri Ghislaine Pruvost amefunga mapazia na kuegemea ukuta. Kiti chake amempisha Mzee Firmin Roumégas, mfugaji wa mbuzi kutoka milima ya Cévennes, aliyekuja na binti yake Coralie kujitazama kwenye filamu ya maisha yao halisi kabla haijakamilishwa.

"Huyo ni mimi? Mbona masikio makubwa hivyo?"

"Ndiyo yako, Baba. Hebu tulia."

Kwenye skrini, Coralie anamwambia baba yake mezani kwamba hatarithi mbuzi. Anarudi kazini mjini Lyon. Mzee anainamisha macho, kisha anatabasamu.

Chumbani, Coralie anaanza kulia. "Siku ile sikuona kama ulitabasamu, Baba. Muda wote huu nimedhani una kinyongo na mimi."

Mzee anakuna kidevu. "Nilitabasamu?"

Ghislaine naye hajui.

Ana miaka hamsini na tisa, zaidi ya thelathini kati yake ameitumia katika kazi hii ya kuhariri filamu. Hakuisomea, alijifunza kwa kukaa nyuma ya wahariri wakubwa, enzi za kukata mikanda na kuiunga kwa gundi. Hufanya kazi kwa mkataba, miezi minne kazini, miwili akisubiri simu.

"Watu hudhani naondoa mabaya na kubakiza mazuri," anasema. "Kumbe nachukua jicho la Jumanne naliweka kwenye neno la Ijumaa. Likikaa vizuri, hata mimi nasahau lilikotoka."

Mwongozaji wa filamu, Anselme Quiniou, aliyesimama kando yake, anamnong'oneza: "Nyamaza, Ghislaine. Huoni wanavyokumbatiana?"

"Naona. Sijui tu wanakumbatiana kwa sababu ipi."

Anafungua picha ghafi, zile za awali ambazo hazijakatwa. Inachukua muda kuipata siku yenyewe. Humo Coralie anasema maneno yake, mzee anasimama na kutoka. Kamera inabaki ikitazama kiti kitupu. Tabasamu ni la juzi yake, mwanambuzi alipotafuna waya wa fundi wa sauti.

"Nisamehe, Coralie," anasema Ghislaine. "Nililiweka mimi, nikasahau."

Coralie anafuta macho kwa kiganja. "Kwa hiyo ulikasirika, Baba?"

"Nilikwenda kulia zizini. Ningelia mbele ya kamera, Marcellin jirani aje anicheke?"

"Ulilia kwa hasira au kwa nini?"

"Wala sijui, binti yangu. Nilianza na hasira. Halafu nikakumbuka ulikuwa umevaa koti la marehemu mama yako."

Coralie anaomba tabasamu libaki. Mzee anataka litoke. Kisha wanabadilishana: binti anasema litoke, mzee anasema, basi, liacheni, linanipendeza. Anselme, mwenye neno la mwisho, anawatazama wote wawili na kukaa sakafuni.

"Weka kiti kitupu," anasema hatimaye. "Tuone."

Ghislaine anakiweka na kukiacha kwenye skrini kwa muda mrefu. Hana hakika kama watazamaji watavumilia.

Msimu wa majani kupukutika anaanza filamu nyingine, ya mafundi wanaotengeneza kengele. Kwa kawaida mhariri haendi kwenye upigaji picha. Husubiri picha zimfuate. Safari hii ameomba kwenda.

"Nitakaa pembeni tu," anasema. "Nataka kwanza niwaone watu wakiwa ndani ya siku zao, kabla sijaanza kuzihamisha."