Nilivyosimamisha ufunguzi wa pweza ukweni kwa sababu ya pipa lenye alama ya mionzi

Wakuu, salamu nyingi kutoka Mtwara.

Ninachosimulia ni kweli mwanzo mwisho. Mke wangu Somoe kakaa hapa pembeni anasoma kila mstari ili nisijipendelee, na nikiongopa ananifinya.

Mimi kazi yangu ni x-ray. Nipo hospitali moja hapa mjini, naishi Shangani, maisha yanakwenda. Ni kazi inayokupa heshima usiyostahili. Watu wakiona mlangoni ile alama ya mionzi, yenye mapanga matatu meusi kama ya feni kwenye rangi ya njano, wanadhani uliye ndani umesomea mabomu.

Na mimi sijawahi kumkatalia mtu.

Sasa ukweni kwangu ni kijiji kimoja kule upande wa Msimbati, karibu na Ruvuma inapomwaga maji baharini. Mama mkwe wangu, hapa tumwite Bi Hadija, ni mvuvi wa pweza. Maji yakitoka, wanawake wa kule wanatembea juu ya mwamba na vijiti vyao, wanachungulia tundu moja moja. Wewe utaona jiwe, mwenzako kashaona kitoweo.

Kijiji kina utaratibu wa kuufunga mwamba miezi mitatu ili pweza wakue. Hakuna kugusa. Halafu bamvua kubwa likifika, maji yanapotoka mbali kabisa, wanafungua kwa siku moja, mnunuzi anakuja na gari la barafu, na kila nyumba inanukia nazi. Kwa wanawake wale siku hiyo ni Idi ya tatu.

Safari hii ufunguzi ulipangwa Alhamisi.

Jumapili ya kabla yake, mchana, nimetulia zangu na muhogo wa kuchoma, picha ikaingia kwenye group la ukoo wa Somoe. Pipa la njano la chuma limekaa mchangani, na ubavuni lina mapanga matatu meusi. Binamu yake Somoe kaandika chini, "Shemeji wa x-ray, hii si alama yako?"

Wakuu, muhogo ulinikwama.

Kwa wasiojua, si hadithi za vijiweni kwamba zamani mataifa makubwa yalikuwa yanatia taka za mionzi kwenye mapipa na kuyazamisha baharini. Yalifanya hivyo waziwazi mpaka dunia ikakubaliana kupiga marufuku. Nilishawahi kusoma mambo hayo Google mpaka nikachukia kuoga baharini. Na kwenye pwani yetu hii tetesi za meli zinazotupa vitu usivyojua ni nini hazijawahi kuisha.

Kwa hiyo nilivyoona lile pipa sikujiuliza mara mbili. Nikaandika kwa herufi kubwa: MSIGUSE. MSIKARIBIE. MSILE SAMAKI.

Somoe akasema, "Ngoja nimuulize mama, yeye ndiye anayepita upande ule kila siku."

Nikamkataza. Mama alikuwa Nanyamba kwa dada yake mgonjwa, nikasema tusimpandishe presha. (Somoe anataka niandike kwamba alirudia kuniambia mara tatu. Haya, mara tatu.)

Kumpigia mimi mwenyewe ndiyo usiseme. Sisi huku mtu na mama mkwe wake hawazoeani. Sili naye, sikai naye mkeka mmoja, nikimuona njiani nashuka pembeni apite. Akiwa na neno na mimi anamwambia Somoe, Somoe ananiambia, hata kama tumesimama hatua nne. Tangu nioe sikuwahi kuwa na namba yake kwenye simu yangu.

Jumatatu nikaomba ruhusa kazini nikaenda.

Nilivyofika nikaliangalia pipa kwa mbali, upepo ukiwa unatoka nyuma yangu. Nikaona kitu kimoja kikaniumiza roho. Juu ya pipa kulikuwa na kuti limefungwa fundo. Kule kitu kilicholetwa na bahari ni cha aliyekiona kwanza. Akishindwa kukibeba anakifunga kuti, maana yake kina mwenyewe, na wengine wanapita zao.

Nikawaza, kuna masikini ya Mungu kalishika hili pipa, tena kalikumbatia akifunga hilo kuti. Nikauliza kijiji kizima nani kafunga. Hakuna aliyejibu. Nikajua mtu kajificha anaogopa.

Mwenyekiti wa kijiji, Mzee Selemani, akaniuliza, "Mkwe wetu, wewe ndiye mtaalamu. Tufanyeje?"

Hapo nilitakiwa kusema sijui. Mimi najua kupiga picha ya mbavu! Mashine ikizimwa, mionzi yangu imekwisha. Taka za mionzi nimezisoma darasani siku moja, tena baada ya chakula cha mchana.

Lakini umeitwa mtaalamu mbele ya watu, wakwe zako wamekuzunguka, utasema hujui? Nikajibu, "Ufuo ufungwe. Mwamba ufungwe. Ufunguzi usimame mpaka wataalamu wenye kipimo waje." Wakazungushia utepe, na mimi nikapiga simu ofisi inayohusika.

Jioni hiyohiyo habari zikamfikia mnunuzi wa pweza. Akasema haleti gari mpaka apate kauli ya wenye kipimo.

Jumanne ndiyo siku ngumu kuliko zote. Wanawake wamekaa kwenye baraza ya ofisi ya kijiji, vijiti vyao vimeegemezwa ukutani. Hakuna aliyenitukana, na hilo ndilo lililoniuma. Mama mmoja akaniuliza kwa upole, "Shemeji, tumekaa miezi mitatu hatujala pweza. Bamvua hili likipita, waliokwisha taga si watatufia mashimoni?"

Wakuu, niliogopa kotekote. Pipa likiwa la kweli, basi bahari ile imekwisha, na mto, na watoto wanaooga pale. Likiwa si la kweli, nimewanyima hawa kinamama siku yao, na mmoja wao ni mama aliyenizalia mke. Nilijikuta naomba Mungu niumbuke.

Jumatano asubuhi mtaalamu akafika. Dada mmoja mpole, kipimo chake kikubwa kama redio ya mkulima. Somoe naye alikuwa ameshafika kutoka mjini.

Yule dada hakuanza na pipa. Alipima gari lake, akapima mchanga, akapima jiwe. Kila mahali kipimo kinalia, tik... tik... tik. Watu wakaanza kurudi nyuma. Akacheka, akasema hiyo ndiyo kawaida ya dunia, ardhi yenyewe ina mionzi kidogo na haina neno na mtu.

Akasogea kwenye pipa.

Tik... tik... tik.

Vilevile kama kwenye mchanga. Nikamwambia, "Dada, rudia." Akarudia pande zote na chini. Vilevile. Kisha akainama kwenye ile alama, akapitisha kidole, akanusa.

"Kaka, hii ni lami."

"Lami gani?"

"Lami ya kuzibia mitumbwi. Tena imepakwa kwa kidole, njoo uone."

Nikasogea. Wallahi, alama za vidole zipo. Na panga moja lilikuwa nene kuliko mengine.

Nikiwa bado nimeinama, nikasikia bodaboda inazima nyuma ya watu. Mama mkwe huyo, kawahi ufunguzi, kashika kiroba cha korosho cha Nanyamba. Akapita katikati ya watu, akaushika utepe, akaunyanyua juu ya kichwa.

"Nani kalifunga pipa langu?"

Watu wakapiga kelele, mama usiguse! Yeye kashalipiga kofi, ngo! Analikagua kama lina mkwaruzo.

Mzee Selemani akamuuliza, "Hadija, pipa hili lako?"

"Sasa la nani? Nimelikuta mie, kuti nimefunga mie. Zito, limejaa maji, nikasema nikirudi Nanyamba nitatafuta watu wa kulibeba."

"Na hii michoro?"

Hapo ndipo aliponiona. Nikainamisha kichwa kama inavyotakiwa. Na yeye kama inavyotakiwa akamgeukia mwanawe.

"Somoe, nwambie nkwe wangu, si ni yeye aliyenifundisha?"

Wakuu, nikakumbuka yote.

Miezi michache nyuma mama aliteleza mwambani akaumia mkono, akaletwa hospitali. Mimi siwezi kumshika mkono mama mkwe, kwa hiyo mwenzangu ndiye aliyempiga picha. Lakini alisubiri kwenye benchi mbele ya mlango wangu muda mrefu. Akamtuma Somoe aniulize lile dude la mlangoni ni nini.

Na mimi kwa sifa zangu nikajibu, "Mwambie mama, ile alama popote duniani mtu akiiona hagusi. Hata mwizi anakimbia."

Basi mama akaichukua kama ilivyo. Akatueleza pale ufuoni, "Mwaka jana nilifunga kuti kwenye pipa langu, watu wakalibeba na kuti lake. Kuti siku hizi haliogopwi. Pale nlangoni kwa nkwe walikaa watu kumi, hakuna aliyegusa hata kitasa. Nikasema hii ndiyo dawa yao."

Akaangalia utepe, gari la mtaalamu na kijiji kizima kimesimama mbali.

"Na kweli, halikuibiwa."

Loh! Kicheko kilichofuata nadhani walikisikia Msumbiji. Yule dada mtaalamu alikaa chini mchangani akifuta machozi. Mzee Selemani alishika kofia yake mkononi. Mimi nilicheka pia, lakini changu kilikuwa kimechanganyika na kutaka kulia. Sijawahi kufurahi kuumbuka namna ile.

Pipa lilifunguliwa. Ndani kulikuwa na maji ya bahari na mabaki ya sabuni, basi. Dada akasema linafaa kwa maji ya kuoshea tu, si ya kunywa. Akampigia mnunuzi mwenyewe, akamthibitishia. Akasema pia, akiwa makini sasa, kwamba kutoa taarifa halikuwa kosa, na siku nyingine ikitokea tutoe tena, kwa kuwa pipa la kweli halitakuja na mwenyewe wa kuuliza. Ila alama ile si ya kuchezea, ifutwe sasa hivi.

Nani alifuta? Mimi. Mafuta ya taa, gunzi la muhindi, kijiji kinatazama. Mama mkwe alisimama mbali kwa heshima zote akimwelekeza Somoe, "Nwambie pale juu bado."

Alhamisi mwamba ukafunguliwa. Wanawake waliingia maji wakiimba, na gari la barafu lilirudi mjini limejaa. Sijui kama nimewahi kuona watu wamechoka na wana furaha kiasi kile.

Jioni Somoe akaniletea beseni. Ndani pweza mkubwa, mikono imening'inia nje. Na salamu kutoka kwa mama: "Nwambie alipime kwanza."

Funzo nililopata, wakuu: ukiitwa mtaalamu mbele ya watu, jikague kwanza unajua nini. Na kabla ya kuita gari kutoka mbali, muulize anayepita pale kila siku, hata kama ni mama mkwe na mila inakubana. Simu moja ya Jumapili ingemaliza kila kitu.

Wenzangu wa pwani, Lindi, Kilwa, Tanga, kwenu mkiokota kitu ufuoni mnakiwekea alama gani? Na waliowahi kuumbuka ukweni waje hapa tufarijiane. Kucheka ruksa.

Mimi na mama bado hatukai mkeka mmoja, ila siku hizi namba yangu anayo. Juzi kanipigia mwenyewe bila kupitia kwa Somoe, mara ya kwanza tangu nioe. Bahari imeleta boya kubwa jekundu.

"Nkwe wangu, nimeliona mie kwanza. Usiite gari."