Mwanzi Mmoja wa Baba

Nakumbuka siku moja, mwanangu, enzi za Mwingereza, gari la sinema la serikali liliposimama Makambako. Mimi na baba mdogo tulikuwa tumetoka Njombe na lori la mahindi. Tukaketi chini na wenzetu mbele ya shuka jeupe.

Picha ilikuwa ya Wazungu wa kale. Kijana kafiwa na baba, na mlezi wake anakula mali yote: jumba, mashamba, farasi. Baba mdogo alilia. Kweli nakwambia, alilia machozi, akamtukana yule mlezi: "Mla yatima mkubwa! Mungu hamwoni huyu?"

Na yatima wake ndiye mimi, nimeketi ubavuni pake. Baba yangu aliniachia shamba la mianzi ya ulanzi, na baba mdogo ndiye aliyekuwa akiigema asubuhi na jioni na kuuza pombe yake. Nilipoyaona machozi yale nikajisemea, leo ameguswa. Tena yule kijana wa picha alikimbilia mbali, akarudi mwanamume mwenye upanga, akapata chake chote. Nikapumbazika kabisa.

Baba mdogo mwenyewe akanishauri: "Nenda manamba Tanga, ukafanye kibarua cha mkataba kwenye mkonge. Mianzi nitakutunzia, mwanangu."

Shangazi, dada yake marehemu baba, alinishika mkono mlangoni. "Machozi ya sinema hayarudishi shamba," akasema. "Kwetu mianzi ni ya yule anayeonekana nayo, mundu mkononi, kila mvua zikianza. Baki ugeme hata mwanzi mmoja, watu wakuone. Fimbo ya mbali haiui nyoka."

Nikamcheka. Mama wa watu hakuwahi hata kuiona sinema!

Nilirudi baada ya miaka mingi, sina upanga, kifua kibovu kwa vumbi la mkonge. Shangazi alikuwa ameshazikwa. Wazee wa ukoo wakaketi, wakaniuliza swali moja tu: "Uligema lini mara ya mwisho?" Nikaeleza habari za baba yangu. Nikaeleza mpaka za ile picha, masikini mimi, na mzee mmoja akainamisha uso kwa kunionea aibu. Shamba wakampa baba mdogo.

Naye hakunifukuza. Alinimiminia ulanzi kwenye mbeta, kile kikombe cha mwanzi, akaniambia kama anavyoambiwa mgeni: "Karibu, mwanangu, pole na safari." Nikanywa. Ulikuwa mtamu, na utamu ule unaniuma mpaka leo.

Sasa napanga chumba hapa mtaa wa Ramadhani, mjini Njombe, na nikifa sijui watanilaza katika ardhi ya nani. Majuto ni mjukuu, wanasema. Wangu amekua, ananizidi kimo.

Basi mwanangu, anayekulilia usimpe chako akutunzie. Haki yako isimamie ungali hapo, mbele ya watu, hata kwa kipande kidogo, kwa maana haki iliyoachwa peke yake haimsubiri mwenyewe. Mimi imenipita na hairudi. Wewe Mungu akujalie usikie unapoambiwa, akupe mkono usiochoka na mahali pa kulaza mifupa yako. Na mvua zikianza, akukute na mundu, hata kama ni kwa mwanzi mmoja.