Kwato za Maksai wa Kulia

Miaka ile ya ruksa kila kitu kiliachiwa mwenye nacho, hadi josho la kijiji. Dawa ya kupe ikawa ya kununua mwenyewe mjini Sumbawanga, na josho letu pale Msanzi likabaki shimo la vyura. Maksai wetu wa kushoto akafa kwa ndigana, homa ya kupe. Nilikasirika, na hasira ile sijaimaliza hadi leo.

Akabaki wa kulia. Yeye na mwenzake walifungwa nira moja tangu wangali wadogo, kila mmoja na upande wake, wakilima, wakivuta mkokoteni, wakilala ubavu kwa ubavu. Sasa hakuwa na kazi. Alishinda zizini kwenye tope, kwato zikaota zikapinda, na mguu wa mbele ukaanza kuvimba. Mwenye bucha kutoka Chanji akaja, akamkagua toka pembe mpaka mkia.

"Shikamoo mzee. Huyu haoni mvua. Nipe nikusaidie."

"Marahaba. Urudi Jumamosi," baba akasema. "Akiwa bado hajakubali kukatwa kwato, utamchukua."

Mdomo wangu hauna breki. "Kha! Unamsaidia nani, tumbo lako?" Baba akanikata jicho. Lakini nilijua moyo wake. Tangu mama afariki, alizungumza zaidi na maksai wale kuliko na sisi wanawe.

Tulikuwa tumeshakosea mara moja: tulimfunga kamba tukataka kumwangusha tumkate kwato. Alirusha mateke, kamba ikakatika, nusura aniue. Baba akasema basi, nguvu hazitumiki tena. Tukaanza kumfundisha. Kila asubuhi, upepo wa kipupwe ukitukata masikio, nilimlambisha chumvi kiganjani, nikampapasa shingo, bega, nikashuka taratibu hadi gotini. Mwanzoni alivumilia mkono tu. Baadaye akaniachia mguu niunyanyue kidogo na kuurudisha kabla hajachoka. Ila nikishika kisu tu, anasogea kushoto, anazidi kusogea, mpaka anagonga boriti za zizi. Nilimtukana sana, maskini, nikidhani ananikimbia. Baba alikaa akimtazama muda mrefu.

"Hakimbii," akasema. "Anamtafuta mwenzake."

Jumamosi mwenye bucha akaja na kamba yake. Baba hakumjali. Alitoa nira, akamvika maksai upande wa kulia, kisha akainama, akaingiza shingo yake mwenyewe upande wa kushoto. Mzee mzima, jamani! Niliona aibu, nikataka kumwambia atoke, watu wanatuona.

Maksai akatulia. Nikanyanyua mguu ule uliovimba, nikakata kwato kipande kwa kipande, usaha ukatoka, ukanuka. Hakutikisika. Nilipouachia, aliukita chini kwa uzito wake wote. Mwenye bucha akakunja kamba yake, akaondoka bila kuaga.

"Baba, amekubali! Hachinjwi tena!"

Nilipomtazama, machozi yalikuwa yanamtiririka hadi kwenye ndevu.

"Ameniegemea, mwanangu," akasema. "Ameniegemea vile vile alivyokuwa anamwegemea yule. Sasa nitamwambiaje kwamba mimi siye?"

Nikamwomba asitoke kwanza kwenye nira, bado miguu mingine.