Swali Nililotumwa Wukair

Nakumbuka adhuhuri moja huko Doha, mwanangu, mzee mmoja Singasinga aliponisimamisha mlangoni mwa basi akanipa kipande cha msasa. Nyuma ya msasa huo alikuwa ameandika maneno machache kwa penseli ya seremala. Ilikuwa miaka ile ya mwanzoni mwa elfu mbili. Mimi nilikuwa kijana wa miaka ishirini na saba, dereva wa basi la kampuni, mwenye afya, leseni na kiburi kidogo.

Mzee huyo aliitwa Balbir. Alikuwa fundi seremala katika karakana yetu ya Sanaiya, ndivyo tulivyoliita eneo la viwanda. Sisi watu wa Tanga Masingasinga tumekua tukiwaona kwenye magereji na viwanda vya mbao, lakini tuliwajua kwa vilemba na ndevu tu. Sikuwahi kujiuliza wametoka wapi, wala ni nini kilichowatawanya duniani. Balbir ndiye aliyenieleza, kwa Kihindi nilichookoteza kambini na Kiarabu chake kibovu kama changu.

Alizaliwa Punjabi, upande ambao leo ni Pakistani. Waingereza walipoondoka Uhindi, mwaka wa arobaini na saba, Punjabi ilikatwa vipande viwili. Waislamu wakakimbilia magharibi, Masingasinga na Wahindu wakakimbilia mashariki, na njiani watu wakachinjana, huku na huku, majirani waliokuwa wakiazimana chumvi. Balbir alikuwa na miaka sita. Msafara wao wa mikokoteni ya ng'ombe ulivamiwa karibu na mfereji, baba yao akauawa. Dada yake Surjit, msichana wa miaka kumi na miwili, alimsukumia mdogo wake chini ya mkokoteni, kisha akakimbilia upande mwingine ili wavamizi wamfuate yeye. Wakamfuata. Balbir hakumwona tena.

"Wasichana wengi hawakuuawa," aliniambia. "Walichukuliwa, wakapewa majina mengine, wakaolewa. Huenda yuko hai. Barua zangu hazijibiwi, na mpaka ule sijaweza kuuvuka. Ila hapa Doha, sisi na wao tunakunywa chai duka moja."

Alikuwa amesikia kwamba waashi wapya waliokuwa wakijenga nyumba za kampuni kule Wukair walitoka wilaya ile ile ya kwao. Mimi nilikuwa nikienda huko kila siku.

"Kwa nini usiende mwenyewe, mzee wangu?" nilimwuliza.

"Nikitokea na kilemba hiki kuuliza habari za binti aliyechukuliwa, watanyamaza kwa aibu. Wewe ni Mwislamu mwenzao, unaswali nao. Watakujibu."

Kwenye msasa palikuwa na namba ya kijiji, maana vijiji vya kwao huitwa kwa namba, na jina la baba yake, na jina la Surjit. Nikakitia mfukoni mwa shati. Nikasema, nitauliza.

Mwanangu, sikuuliza. Wiki nzima niliswali adhuhuri bega kwa bega na waashi wale, kijikaratasi kikinikwaruza kifuani, na kila siku nikajiambia kesho. Niliona haya kuonekana nimetumwa na Singasinga. Tena nilijisemea, mambo ya miaka zaidi ya hamsini, kuyafukua ya nini? Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Mimi sikuhisi hata uzito wa usufi huo. Siku moja nikalifua shati bila kutoa kitu mfukoni, maandishi yakaisha.

Mzee aliniuliza mara ya kwanza, nikasema bado. Mara ya pili, bado. Mara ya tatu nikaona haya kusema bado, na kusema kweli nikaona haya zaidi.

"Nimeuliza," nikamwambia. "Hakuna anayekijua kijiji hicho."

"Uliwauliza wote?"

"Wote."

Aliniwekea mkono begani akanishukuru. Kesho yake akaniletea kigoda alichokichonga mwenyewe, ati nikikalie ninapongoja abiria, kwa usumbufu nilioupata. Nikakipokea. Baada ya miezi miwili mkataba wake ukaisha, akarudi India, na mimi nikamsahau.

Karibu mwaka ulipita. Mwashi mmoja aitwaye Rafiq aliangukiwa na tofali kidoleni, nikapewa kazi ya kumpeleka zahanati Al Wakrah. Tulikaa kwenye foleni, na ili asiufikirie sana mkono, nikamwomba anihadithie habari za kwao. Akasema mwaka huu umemwendea vibaya, mama yake amefariki majira ya baridi na yeye hakupewa ruhusa kwenda kumzika. Nikampa pole, nikamwuliza ni wa kijiji gani.

Akataja namba. Namba ile ile, mwanangu. Maandishi yalifutika na maji, lakini kichwani nilikuwa nimeikariri.

Nilimwuliza jina la mama yake. "Sakina," akasema. Kisha akainamisha kichwa. "Ni jina alilopewa na watu wa baba yangu. Alizaliwa Singasinga. Utotoni akiitwa Surjit. Kila mtu wa kwetu aliyesafiri, mama alimwagiza amtafutie mdogo wake, Balbir. Nami aliniagiza, lakini hapa Doha ningeanzia wapi?"

Rafiq alikuwa Wukair siku zote zile. Alikuwa akisimama safu moja nami msikitini.

Nilimweleza yote pale pale kwenye benchi. Hakunitukana, ila alihama, akaenda kukaa mwisho wa foleni. Siku ya tatu alinifuata akasema tumtafute mjomba wake. Msimamizi wa karakana alikuwa na namba ya simu ya nyumbani kwa Balbir. Tukapiga, mzee akapokea mwenyewe, na mimi ndiye niliyetangulia kusema, kwa sababu kosa lilikuwa langu. Nilimwambia dada yake amefariki, na kwamba mimi sikuuliza.

"Alipata watoto wangapi?" akauliza.

"Watano, mzee wangu."

Halafu akasema, bila hasira, na afadhali angekuwa na hasira: "Ungeniambia hukuuliza, ningekwenda mwenyewe."

Nilimpa Rafiq simu, nikasogea kando. Walilia na kuongea kwa lugha yao, mjomba na mpwa, na baina yao mama mmoja ambaye miezi michache kabla angeweza kuisikia sauti ya mdogo wake. Maji yakimwagika hayazoleki.

Mwanangu, utakwenda nchi za watu, utakula na kulala na watu waliobeba vita vyao vifuani. Usiipime huzuni ya mtu kwa kilemba chake wala dini yake. Ukitumwa neno, lifikishe siku hiyo hiyo, maana neno la mtu ni amana kama mali yake. Na likikushinda, rudi useme, "Sikufanya." Utaona haya siku moja, basi, na mwenye haja yake atatafuta mguu mwingine. Lakini ukimwambia umefanya na hukufanya, umemfungia njia, naye atakushukuru kwa kumfungia.

Mola akujaalie ulimi usioogopa kukiri, na akukutanishe na wako wote wangali hai.