Nani Atamtukana Lukumani?

Lukumani ni fundi baiskeli hapa Isevya, na mimi ni jirani yake tangu nilipoolewa mtaa huu. Ni Mnyamwezi wa Tabora hasa. Babu zake walibeba pembe za ndovu za watu wengine mpaka Bagamoyo, na huko njiani ndiko walikotaniana na Wazaramo hadi utani ukawa undugu. Basi Mungu akamletea mtani wake mlango wa pili tu: Sabiri, Mzaramo, fundi cherehani.

Siku hizi kila mtu na simu yake, mpira anautazama peke yake kama mgonjwa anayemeza dawa. Zamani jamani! Redio moja, ya Sabiri, betri zimeanikwa juani tangu asubuhi, na baraza zima limetega masikio. Kulikuwa, na bado yapo, yale mashindano madogo ya timu za taifa, nchi nne za jirani, wiki moja yamekwisha. Sisi sote tulishangilia Tanzania. Sabiri alishangilia yeyote anayecheza na Tanzania, leo Mganda, keshokutwa Mmalawi. Si kwamba hakuipenda nchi yake. Alitaka tu kumwona Lukumani anavyoungua.

Tukifungwa, Sabiri aliingia uani kwa Lukumani bila hodi, akakamata kuku na kuondoka naye. Ni haki ya mtani, humshtaki popote. "Mpagazi wee, kalale, kesho kuna mzigo!" Na tulifungwa sana, nisiwafiche. Mke wa Lukumani alifikia kuapa kwamba atafuga bata.

Mwaka huu, wiki chache kabla ya mashindano, Sabiri alifariki. Lukumani akafanya kazi ya mtani kama inavyotakiwa. Alivaa koti la marehemu, akaiga mwendo wake wa kuchechemea, akalala mlangoni jeneza lisipite mpaka apewe chake. Waliokuwa wanalia wakacheka. Yeye hakutoa chozi, maana mtani halii msibani.

Baada ya hapo akapooza. Nilimkuta amekaa mbele ya baiskeli iliyopinduliwa, spana mkononi, hafanyi kitu.

"Nani atanitukana sasa, Mama Najiat?" aliniuliza. "Kila anayepita ni shikamoo, shikamoo. Hii heshima itaniua."

Nikamwambia Mungu atamletea mwingine. Maneno ya kijinga, mtani haagizwi dukani.

Mashindano yakaja, na Tanzania, miujiza hiyo, ikaifunga Uganda kwenye fainali. Mtaa ukalipuka, pikipiki zikapiga honi. Lukumani peke yake alibaki amekaa. Halafu akainuka, akaelekea nyumbani kwa marehemu. Nikamfuata mbio, kwa sababu Ummy, mjane wa Sabiri, alikuwa eda, na tangu mazishi hakusema neno zaidi ya kuitikia salamu.

"Wazaramo!" Lukumani akapaza sauti uani. "Mmefungwa! Nachukua kuku!"

Akamkamata mmoja. Wanawake waliokuwa wanachambua mchele wakaduwaa. Mmoja akafoka, "Baba, huna haya? Mwenzio yuko eda!" Nilitamani ardhi inimeze. Nikamvuta shati, lakini hakusogea. Alikuwa anatazama pazia la mlango.

Nyuma ya pazia ikatoka sauti, kali, ya Ummy wa siku zote.

"Mwizi mkubwa wee! Huyo anataga! Au mizigo ya babu zako imekupofusha macho? Chukua jogoo, uondoke na unuksi wako!"

Lukumani akacheka. Akacheka mpaka kuku akamponyoka, akakaa chini mchangani na mzee mzima akaanza kulia kwa sauti, kamasi zinamtoka, kilio ambacho mtaa mzima haujawahi kukisikia kwake. Wanawake wakaacha mchele, wakaja kumwinua.

"Mwacheni mtani alie," Ummy akasema. "Siku ya mazishi alikuwa kazini."