Bibi Nyuma ya Kamera

Leo wajukuu wangu wamefungua gunia la mchele mpya kutoka Magu, na harufu ya vumbi lake imenirudisha utotoni, kwenye ungo wa bibi yangu.

Mtengeneza filamu mmoja, aliyefanya kazi peke yake bila kampuni, alikuja nyumbani kumpiga picha bibi. Nilimshukuru Mungu, maana hatukuwa na picha yake hata moja, na kifua kilikuwa kinamsumbua. Lakini kwa siku tatu yule bwana aliiacha kamera mfukoni, akakaa mkekani kuchagua mawe kwenye mchele.

"Mjomba, utampiga picha lini?" nilimuuliza.

"Bado hajaniona."

Nilishangaa, kwa kuwa bibi alikuwa akimsema tangu asubuhi: "We baba, mawe unayaacha, utanivunja jino langu hili moja!"

Siku ya nne aliitoa kamera, akamkabidhi bibi, kisha akarudi kwenye ungo.

"Bibi, mrudishie, akupige picha wewe!" nilimsihi.

"Ngoja kwanza," alisema, jicho kwenye kamera. "Kumbe mtoto wa watu ana huzuni hivi!"

Jioni yule bwana aliondoka bila picha ya bibi. Kwenye sala bibi alimtaja yeye kwanza, kabla yetu, nami nikaitikia amina bila kuelewa.