Muziki wa Kuficha Uso

Jina la Kinanda alipewa na watu wa filamu, na lilimganda hadi mama yake mzazi akaacha kumwita la kuzaliwa. Kwa miaka mingi kazi yake ilikuwa kutunga muziki wa filamu, akijifungia kwenye chumba alichoziba madirisha kwa magodoro makuukuu. Hakuna mtazamaji aliyemjua kwa sura, naye alipenda iwe hivyo.

Kuigiza kulimjia kwa bahati tu. Mwigizaji mmoja hakutokea, mwongozaji akamvika yeye sare ya nesi, akisema uso wake una huzuni ya bure, isiyohitaji kuigizwa. Watu wakacheka, lakini kipande kikatoka vizuri. Tangu hapo akawa anaitwa mara moja moja, mpaka akapewa nafasi ya mama anayeambiwa, kwenye korido ya hospitali, kwamba mwanawe hakupona.

Kuigiza alimaliza salama. Balaa lilianza aliporudi chumbani kutunga muziki wa kipande hichohicho. Kila alipojiona kwenye kompyuta, aligeuza macho pembeni. Hivi mdomo wake hupinda namna ile kweli? Akaongeza fidla. Akaongeza ngoma. Usingizi ukampaa, chai ikapoa mezani, muziki ukazidi kunenepa.

Mwongozaji alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauzima wote.

"Unajificha humu," alisema. "Korido tutaiacha bila muziki."

"Watu watanicheka."

"Wakicheka, lawama ni zangu."

Siku filamu ilipoonyeshwa mara ya kwanza, Kinanda alikaa na mama yake karibu na mlango, mkoba mapajani, kama mtu wa kuondoka wakati wowote. Korido ilipotokea, ukumbi ulinyamaza. Alisikia kiti kikilia, mtu akikohoa, na pumzi zake mwenyewe zikitoka kwenye spika. Mama yake akamwinamia.

"Mwanangu, hapa mbona hukupiga kitu?"

"Nilikatazwa, mama."

Mama alimshika mkono, na hakuuachia hadi taa zilipowaka.

Hakuna aliyecheka. Wiki iliyofuata mwongozaji alipiga simu: safari hii alimtaka aigize tu, nafasi kubwa, muziki atafanya mwingine. Kinanda alikubali haraka, asije yeye mwenyewe akaghairi. Alipokata simu alibaki anajiuliza huyo mwingine ni nani, na uso wake yeye atauwekea muziki gani.